Kenya haiko kwenye orodha ya nchi za PlayStation. Nichague gani?

#1 Jirani wa Umoja
Wadau, za usiku. Nimeweka akiba tangu mwaka uanze na leo nimenunua PS5. Nimeifungua, nimechomeka waya, mke na watoto wamelala, nikasema sasa ni mimi na wewe. Kufika mahali pa kufungua akaunti ikaniuliza nchi. Nikashuka na orodha pole pole: Italy, Japan, Korea, Kuwait. Nikarudi juu. Japan, Korea. Nikadhani kidole kimeruka, nikarudia tena. Kenya haipo. Tanzania haipo, Uganda haipo, hata Nigeria na wingi wao wote hawapo. Afrika Kusini ipo.

Kwa nini? Na nichague gani? Mashine bado iko kwenye hiyo orodha, inanitazama.

#2 Kocha Pedi
Hongera buda. Weka Marekani ulale.

#3 Mama Twins
Kocha, usimpoteze mtu usiku. Jirani, usibonyeze kitu kwanza. Nchi ukishaiweka kwenye akaunti ya PSN, yaani mtandao wa PlayStation, imeganda. Jina utabadilisha, nywila utabadilisha, barua pepe utabadilisha, lakini nchi ni hiyo mpaka kiama. Ukitaka nyingine unafungua akaunti upya, na gemu ulizonunua pamoja na vikombe vyako vyote vinabaki kwa ile ya zamani. Mimi nina akaunti tatu kwa sababu sikuuliza kama wewe.

#4 Kocha Pedi
Sawa mama, nimekosea namna ya kusema. Lakini jibu bado ni Marekani. Kadi za zawadi za dola, zile za kuweka pesa kwenye akaunti, ziko kila kona, unalipa kwa M-Pesa na namba zinaingia kwa simu kabla hujamaliza chai. Kadi ya randi utaitoa wapi? Na kadi ya nchi moja haiingii kwa akaunti ya nchi nyingine, hata ulie.

#5 Mla Randi
Utaitoa kwa mtandao huo huo. Mimi niko Afrika Kusini mwaka wa nne sasa. Kiakaunti, maanake kimwili niko Githurai. Ndiyo nchi pekee ya kusini mwa Sahara kwenye hiyo orodha, kwa hivyo angalau uongo wangu haujavuka bahari.

Halafu nyinyi wa dola, PlayStation Plus, ile mnayolipia kucheza mtandaoni, ya mwaka ya daraja la chini si iliruka kutoka 59.99 hadi 79.99 Septemba 2023? Mlilia hapa kurasa kumi na moja.

#6 Binti Rongai
Kabla hujachagua nchi, tazama diski unazonunua. Wacha niwaambie yangu.

Akaunti yangu ni ya Marekani. Nikapata diski ya mkono wa pili hapo Moi Avenue, bei nzuri, haina hata mkwaruzo. Gemu ikacheza bila shida mpaka mwisho. Nikaipenda, nikaingia dukani kwa mashine nikanunua sura ya nyongeza, karibu dola ishirini. Ikapakuliwa yote, ile mistari ikajaa. Nafungua gemu, hakuna kitu. Nikafuta, nikapakua tena. Nikazima mashine nikachomoa hadi waya wa ukutani kama mtu anayefukuza pepo. Wiki mbili. Siku moja kaka yangu mdogo akashika kava, akaligeuza, akaniuliza hii "16" hapa kwenye kona ni ya nini.

Ilikuwa diski ya Ulaya. Duka halikuniibia, mashine haikuwa mbovu. Ni mimi.

#7 Fundi wa Ghorofani
Pole Binti. Nawaona wa aina yako kila wiki, na wengi huja na mashine yenyewe imebebwa kwa blanketi wakidhani imeharibika.

PS4 na PS5 hazikatai diski kwa sababu ya eneo. Diski itacheza popote. Kinachofungwa ni nyongeza, kwa sababu lazima itoke duka la eneo lile lile la gemu. Tazama kona ya chini ya kava. Kuna alama ya umri wa mchezaji. Ukiona herufi kama E, T au M, hiyo ni ya Marekani. Ukiona namba, yaani 3, 7, 12, 16 au 18, hiyo ni ya Ulaya. Lakini pa kuamini zaidi ni ubavuni: utakuta CUSA kwa PS4 au PPSA kwa PS5, na tarakimu tano mbele yake. Gemu moja ina namba moja huku na nyingine kule, na mashine inazihesabu kuwa gemu mbili zisizojuana.

Diski nyingi zinazofika mezani kwangu zimepitia Dubai au Uingereza. Jirani, kama wewe ni mtu wa diski, fikiria hilo. Kama ni mtu wa kupakua tu, usijisumbue, kila kitu kitatoka duka moja.

#8 Kijana Sahihi
Na PS3 pia haikuwa inakataa diski.

#9 Mtu wa Donholm
Si kweli kabisa. Persona 4 Arena ya 2012 ilifungwa kwa eneo kwenye PS3. Watu walipiga kelele dunia nzima.

#10 Kijana Sahihi
Gemu moja. Moja! Wewe ni wa kwenda kwa harusi ya watu ukahesabu sahani.

#11 Karani Mstaafu
Turudi kwa swali la Jirani maana naona kila mtu amejibu nusu ya pili tu. Kwa nini hatupo? Mimi nasema kodi. Anayeuza vitu vya kidijitali kutoka nje anatakiwa kujisajili KRA na kutoza VAT ya asilimia 16. Juu yake kukawa na kodi ya huduma za kidijitali, asilimia 1.5 tangu Januari 2021. Hiyo ikaondolewa Desemba 2024 na nafasi yake ikachukuliwa na nyingine. Mhasibu wa kampuni akiangalia hizo fomu, halafu aangalie ni wangapi wetu tunanunua kwa bei kamili, atasema wacha waendelee kujiita Wamarekani.

#12 Mama Twins
Mzee, na Netflix je? Wanalipisha kwa shilingi. Google Play inakubali M-Pesa. Hao fomu haziwachoshi?

#13 Karani Mstaafu
Hao wana wateja wengi wa kulipia hiyo kazi. Sisi ni wangapi?

#14 Mla Randi
Hujui, sijui, na kampuni pia haijui, kwa sababu kila Mkenya kwenye vitabu vyao ni mtu wa Oregon. Watatuhesabuje?

#15 Jirani wa Umoja
Ngoja. Oregon imeingiaje hapa?

#16 Kocha Pedi
Ukiweka Marekani itakuuliza anwani na zipu, yaani namba ya posta. Majimbo mengi huongeza kodi ya mauzo juu ya bei. Oregon, Delaware, Montana, New Hampshire na Alaska hawana kodi ya mauzo ya jimbo. Kwa hivyo nusu ya Kayole inaishi Portland, mji wa Oregon.

#17 Mtu wa Donholm
Mimi nilijaribu uaminifu. Nikaandika zipu yangu ya kweli, 00100, GPO Nairobi. Si ni tarakimu tano na yao ni tano? Ikakataa. Nikaenda kusoma. Zipu ya chini kabisa Marekani ni 00501, mji wa Holtsville, jimbo la New York. Hiyo 00100 kwao haipo.

#18 Dada wa Embakasi
Eti 00501? Hiyo ni JKIA! Posta ya uwanja wa ndege! Nimeiandika kwa bahasha miaka saba kazini.

#19 Kocha Pedi
Kumbe ukifika tu uwanja wa ndege tayari uko New York. Na vile watu wanahangaikia viza.

#20 Benki Kuu ya Mtaa
Mmecheka vya kutosha, sasa nami niseme. Sababu si kodi, ni malipo. Nafanya kazi karibu na mambo ya kadi, sitasema wapi. Tarakimu za mwanzo za kadi yoyote zinasema ni benki gani imeitoa na iko nchi gani. Duka likiona akaunti ni ya Marekani na kadi ni ya benki ya Kenya, linakataa kabla hata halijauliza kama una pesa. Hata ile Visa ya kwenye simu, M-Pesa GlobalPay ya tangu 2022, ni kadi ya Kenya tu. Ndiyo maana mnanunua kadi za zawadi. Kadi ya zawadi haina uraia wa benki.

Halafu kuna watu wanaonunua gemu, wanacheza wakamaliza, kisha wanaiambia benki hawakununua. Benki ikirudisha pesa, mwenye duka amepoteza gemu na anatozwa ada juu. Nchi ambayo hujaizoea ukiifungulia mlango, hizo ndizo hesabu za mwaka wa kwanza.

#21 Karani Mstaafu
Na hizo kadi zingekuwa za wateja wanaojulikana kama wangefungua duka la Kenya. Unaeleza matokeo, unayaita sababu.

#22 Benki Kuu ya Mtaa
Mzee, ulistaafu kazi au ulistaafu kukubali?

#23 Nyuki wa Pipeline
Nyote mmesahau bei. Duka likiwa la Kenya, watu watataka bei ya Kenya. Wakiweka bei ya Kenya, mtu wa Ujerumani ataamka kesho awe Mkenya. Si tuliona Uturuki na Argentina? Kwenye Steam, lile duka la gemu za kompyuta, watu walihamia huko kwa maelfu kununua gemu kwa bei ya mkate, hadi Novemba 2023 lira na peso zikaondolewa, ikawa dola. Waturuki wenyewe ndio waliumia. Sisi hapa Steam ni dola tangu zamani, na shilingi hatujawahi kuiona.

#24 Mla Randi
"Kwa maelfu" umehesabu wewe?

#25 Nyuki wa Pipeline
Mmoja wao nilikuwa mimi. Hesabu kuanzia hapo.

#26 Kijana Sahihi
Mnakumbuka Helldivers 2? Mei 2024 Sony, wenye PlayStation, wakasema kila anayecheza kwa kompyuta lazima aunganishe akaunti ya PSN. Watu walikuwa wameshalipa na wanacheza tangu Februari! Gemu ikaondolewa Steam kwa nchi 200.

#27 Mtu wa Donholm
177.

#28 Kijana Sahihi
Nilijua utakuja.

#29 Mtu wa Donholm
Na walirudi nyuma baada ya siku tatu, kwa sababu wachezaji walijaza maoni mabaya wikendi nzima. Ila kurudi nyuma kwa hilo sharti hakukutuongeza kwenye orodha. Mwezi huo huo Ghost of Tsushima ikatoka kwa kompyuta na nchi zisizo na PSN hazikuuziwa. Sababu hata sio kodi wala kadi. Nadhani hakuna mtu pale aliyewahi kukaa chini akajiuliza kuhusu sisi.

#30 Mama Twins
Hii ya mwisho ndiyo naiamini kuliko zote, na ndiyo inauma.

#31 Mswahili wa Kisauni
Nasoma nyuzi zenu za bara nikicheka. "Nichague gani", "kwa simu", "kwa akaunti". Nchi ni "nichague ipi", bwana. Kiswahili nacho kimefungwa kwa eneo?

#32 Kocha Pedi
Na hapo kwako imefika duka la Kenya, mkubwa? Hapana? Basi shuka foleni na sisi.

#33 Mswahili wa Kisauni
Mimi niko Uingereza tangu 2014. Kiakaunti.

#34 Pita Nyuma
Wakubwa, na Xbox je? Nayo haibadiliki?

#35 Dada wa Embakasi
Xbox inabadilika. Unaingia kwenye akaunti ya Microsoft na kuhamisha eneo, lakini mara moja tu kila miezi mitatu, na salio la mkobani halihami na wewe. Nintendo ni rahisi zaidi. Mashine yao ya Switch haijafunga gemu kwa eneo tangu itoke 2017, na nchi ya akaunti unaibadilisha mwenyewe kama huna salio lililobaki. Tulikuwa tunahamia Japan kununua, tunarudi. Lakini Machi 2025 duka la Japan likaacha kupokea kadi za nje, na Switch 2 wakauza ya bei nafuu huko, yen 49,980, ya lugha ya Kijapani na inayokubali akaunti za Japan tu. Yaani hata wao wenyewe wanafungwa sasa. Mtu akikuletea ya hiyo kutoka safari, shukuru halafu uliza maswali.

#36 Mtu wa Donholm
Na mwenye Xbox aliyeweka Uingereza ajue huko wameanza kuomba uthibitisho wa umri, tangu Julai 2025, kwa sababu ya sheria yao ya usalama mtandaoni. Uongo wa nchi una gharama zake. Siku moja utaulizwa kitambulisho cha nchi hiyo.

#37 Mzee wa Shilingi Kumi
Nyinyi watoto. Sisi tulikuwa na PS2 yenye chipu, diski za River Road zimeandikwa kwa kalamu nyeusi, na hakuna aliyetuuliza nchi. Shida ilikuwa moja. Diski ikiwa ya Marekani na televisheni ni ile ya mgongo mnene isiyojua rangi za Marekani, gemu inakuja nyeusi na nyeupe. Mechi nzima huwezi kujua nani ni Arsenal na nani ni nani. Tulikuwa tunakubaliana kabla: wenye soksi nyeupe ni wangu. Na tulilipa shilingi kumi, dakika kumi, na mwenye kibanda alikuwa na saa inayokimbia.

#38 Binti Rongai
Huyo mwenye saa namjua. Au wote walikuwa nayo.

#39 Pole Pole Pangani
Jirani, mimi naomba usinunue akaunti iliyokwisha kufunguliwa, haidhuru utaambiwa ina gemu mia. Nilinunua moja kwa mtu wa mtandaoni, 2,500, akanipa barua pepe na nywila. Nikabadilisha vyote viwili nikajiona mjanja. Miezi mitano baadaye naamka, nywila imekataa. Yule mtu aliomba irudishwe, na maswali ya kurudisha aliyajua yeye: tarehe ya kuzaliwa ya kwanza, jina la kwanza. Simu yake haipatikani hadi leo. Na Plus niliyolipa iko ndani.

Hata ukifungua yako mwenyewe, andika mahali kila uongo ulioweka. Tarehe, mtaa, zipu. Rafiki yangu aliweka tarehe ya kubahatisha, ilipofika siku ya kuulizwa hakuikumbuka.

#40 Karani Mstaafu
Na mjue masharti yanasema utoe taarifa za kweli. Sijaona mtu hapa aliyefungiwa kwa sababu ya nchi tu, lakini mkataba mmeukubali nyote, na hakuna aliyeusoma.

#41 Fundi wa Ghorofani
Ya mwisho kutoka kwangu, kesho nafungua saa mbili. Ukijikuta na akaunti mbili, kama Mama Twins na tatu zake, usizitupe. Akaunti unayonunulia iwashie kipengele cha kushiriki kwenye PS5 yako, kwa PS4 ni kuifanya mashine kuu ya akaunti hiyo. Ukishafanya hivyo, kila mtu kwenye mashine hiyo anacheza gemu zake, na hata Plus ya kucheza mtandaoni inawafikia. Nyumba moja inaweza kuwa na Mmarekani anayenunua na Mwafrika Kusini anayecheza. Ila gemu na nyongeza zake zitoke kwa akaunti za eneo moja, msisahau ya Binti.

#42 Kijana Sahihi
Na akaunti ya Afrika Kusini si itatupa kasi nzuri maanake seva ziko karibu?

#43 Fundi wa Ghorofani
Nilisema ya mwisho. Hapana. Gemu nyingi hukupeleka seva kulingana na intaneti yako ilipo, haziangalii uliandika nchi gani. Waya wako unatoka Mombasa chini ya bahari, na hiyo huidanganyi kwa fomu. Mnakumbuka Mei 2024 nyaya mbili zilipokatika? Wamarekani wote wa Kayole walikuwa gizani pamoja. Usiku mwema.

#44 Jirani wa Umoja
Asanteni wote. Nimechagua Marekani kwa sababu ya kadi, na diski nitakuwa natazama kona. Imeniomba mtaa, nikaandika jina la mtaa wangu kabisa hapa Umoja, na imekubali! Sasa kuna nyumba Oregon iko Umoja Two. Inapakua apdeti, asilimia 23.

#45 Kocha Pedi
Karibu Portland, jirani. Mvua ni nyingi.

#46 Mama Twins
Nilikuwa sitaki kusema lakini kwa vile tuko hapa. Baba Twins amepata kazi Toronto, tunahama mwezi wa nane. Watoto wanauliza tu kuhusu PS. Akaunti yetu kubwa ni ya Marekani, ina miaka sita ya gemu. Tukifika Canada, inakuwaje?

#47 Mtu wa Donholm
Canada ni nchi yake kwenye orodha, na duka lake ni la dola za Canada. Akaunti haihami. Kadi ya benki ya huko nayo itakuwa ya Canada.

#48 Mama Twins
Yaani nitafika Canada, kwa viza halali na mkataba wa nyumba, halafu niendelee kununua kadi za Marekani Luthuli ndio watoto wacheze?

#49 Mla Randi
Tutakutumia kwa WhatsApp, shangazi.

#50 Jirani wa Umoja
Asilimia 61. Stima imepepesa mara moja. Msiongee na mimi.